Mama Alinizika Kwenye Televisheni

Sisi tuliokulia Iringa kabla simu hazijaingia kwenye mifuko ya watoto, utoto wetu ulinuka moshi. Baridi ya Julai ilikuwa inauma masikio. Asubuhi tunaota moto jikoni na sweta zetu za mtumba, tunagombea viazi vya kuchoma, tunakwenda shule na majivu midomoni. Jioni ni rede mpaka mpira wa soksi ufumuke. Watoto wa siku hizi ukiwaambia mpira wa soksi, wanakuuliza unachajiwa wapi.

Mimi nilipenda mchezo wa baba na mama. Mama alikuwa Rehema siku zote, binti wa mwenye duka, kwa sababu vyungu na kanga vilikuwa vyake. Mimi nilikuwa dada wa kazi, au mgonjwa, au jirani aliyekuja kuomba chumvi. Sikununa. Nilikuwa naumwa vizuri mpaka watu wazima wanasimama njiani kunipa pole.

Siku moja tukacheza msiba. Nikalala juu ya majani ya migomba, nikafunikwa kanga gubigubi, wenzangu wakaangua kilio. Mama akatokea anatoka shamba, jembe begani. Alinichapa, kisha akakaa chini akalia yeye.

“Mtu hajilazi maiti, Lusungu. Unajiitia kifo. Usirudie hata kwa utani, mwanangu.”

Nilikua, nikahamia Mbeya, nikawa mwigizaji. Watu wananijua sura, jina hawalijui. Sokoni naitwa “yule nesi”. Nimekuwa nesi, dada wa kazi, jirani mmbea, na kila filamu nikiahidiwa kwamba inayofuata nitapata nafasi kubwa. Mwaka jana ikaja kweli: dada wa mhusika mkuu, maneno tele, nikayakariri mpaka nikawa nayaota. Siku ya mwisho ya kupiga picha ndipo nikaonyeshwa jeneza. Mwongozaji, kijana wa juzi tu, akasema, “Dada, kama hutaki, nje kuna wenzako wanasubiri.” Nikaingia. Wakanitia pamba puani.

Mama hakuwa na televisheni. Lakini jioni filamu ilipoonyeshwa alikwenda kumjulia hali jirani aliyekuwa mgonjwa, na televisheni ya mle ndani ilikuwa inawaka. Alipouona uso wangu kwenye jeneza alipiga yowe, mtaa mzima ukatoka. Wakamweleza ni maigizo tu. Wakanipigia simu, nikamwambia, “Mama, ni mimi, mzima kabisa.” Akamrudishia jirani simu. Kesho yake nikapanda basi.

Nilimkuta amenyoa nywele, kama mfiwa.

“Kamwene, mama,” nikamsalimu kwa Kihehe, kama alivyonifundisha.

“Karibu, mgeni,” akajibu kwa Kiswahili. Nikapiga magoti, nikaanza kumweleza kazi yangu ilivyo. Akaniacha nimalize.

“Sijachanganyikiwa mie. Naona unapumua. Ila nilikulilia kwa machozi yote niliyokuwa nayo, na kilio hakirudi ndani. Uliwaruhusu wakuzike, na mimi nikazika.”

Mchungaji alikwenda kumsihi, shangazi naye akaenda. Mama ni yule yule: ananipikia, ananitandikia kitanda, ananiita mgeni. Na ile nafasi kubwa nayo ilinifikisha wapi? Tangu hapo naitwa kufa tu. Wanasema nakufa vizuri. Nakubali, maana sijui kazi nyingine, na inaniuma kila ninapofumba macho mbele ya kamera.

Enzi zile, jua likianza kuzama, mama alikuwa anasimama uani na kuliita jina langu mpaka bonde linaitikia, nami najificha nyuma ya mahindi, najifanya sisikii, ili nicheze kidogo zaidi. Siku hizi nikienda kwake nakaa mlangoni saa zile zile, nimetega sikio. Anawaita kuku. Anawaita watoto wa jirani waje wachukue parachichi. Giza linaingia, anafunga mlango wa jikoni, na jina langu halijamtoka mdomoni.