Binti wa Sudani Uani Kwetu

Hapana, si daktari aliyenikataza chumvi. Daktari mwenyewe mdogo, ananiogopa. Ni harufu yake tu. Wakileta samaki wa Kipili, kule ziwani, chumvi ikaanza kuvuta maji kwenye nyama, mimi natoka nje naenda kuongea na mbuzi.

Nilikuwa na miaka tisa, hapa hapa Malangali, mahindi na ulezi mpaka mlangoni. Katekista wetu alisemea puani: "Nyinyi mbuzi, nyamazeni." Akatusimulia habari za binti wa Sudani. Siku hizi ni mtakatifu, wakati ule bado. Aliibwa mdogo, akauzwa, akauzwa tena. Bibi mmoja tajiri akaagiza achorwe mwilini kwa unga, achanjwe kwa wembe kufuata mistari, kisha chumvi isuguliwe ndani, alama zisifutike. Alipokuwa sista alisema akikutana na waliomtesa atapiga magoti awabusu mikono. Hapo katekista akalia mpaka kamasi. Akasema watakaoigiza vizuri wataonyesha Jumapili mbele ya padri.

Jumapili ile niliitaka kama kichaa. Kusoma sijui, lakini sauti ya mtu nakurudishia na kikohozi chake. Nikawa bibi tajiri, binamu yangu Skola mtumwa. Skola alikuwa mpole, ukimwambia kaa juani anakaa. Nikamchora mgongo kwa unga wa mahindi. Wembe wa baba nilisema nitaupitisha juu juu tu.

Sauti ikaninogea. "Tulia wewe. Nimekununua." Mkono ukaifuata sauti. Damu ikatoka, unga ukawa uji mwekundu. Skola akasema, "Dada, inauma." Nikamjibu kwa sauti ileile, "Hapa hakuna dada." Nikakata mstari wa pili. Wa tatu. Nikachota chumvi, nikasugua. Kile kilio sijakisikia tena kwa mtu. Na msiniangalie hivyo, nawaambia ukweli: nilifurahi. Nikamnyooshea mkono. "Sasa piga magoti, unibusu." Akapiga, akabusu.

Bibi yetu, mama yake babu, alikuwa mlangoni anapepeta ulezi. Kizee asiye na maneno. Mabegani alikuwa na makovu yamepangwa kama ngazi, sisi tukidhani ni urembo wa kikwao. Kwamba naye aliuzwa kule ziwani akiwa binti mdogo, nyumbani halikusemwa. Nililijua nikiwa mke wa mtu.

Aliweka ungo chini. Alimwosha Skola, akachana kaniki yake akamfunga, wala hakunipiga. Nilisubiri fimbo, haikuja. Jumapili padri hakuonyeshwa kitu. Katekista alitufundisha kumlilia aliyekatwa. Mwenye wembe ni mtu gani hakutueleza, nami nilimwazia ni jitu la mbali, la Sudani huko, lenye meno.

Siku ileile, alipokwisha kumfunga Skola, Bibi aliuokota ule wembe, akaufuta kwenye nguo, akanipa mkononi.

"Mimi hakunikata mtu mzima," akasema. "Alinikata mtoto wao. Alikuwa anacheza."