Salamu ya Mkwe

Kosa langu la kwanza katika kuongoza vichekesho vya televisheni ni kumfanya mkwe amwamkie mama mkwe mara nyingi kwa asubuhi moja.

Kazi hii nilijifundisha mwenyewe kwa kutazama video kwenye simu. Kituo kimoja cha televisheni kilikubali kuonyesha kipindi chetu cha kwanza kama kingewafikia Ijumaa. Tukichelewa, nafasi wanapewa wengine. Nyumba tuliazima mtaa wa Sekei. Mama mkwe akawa shangazi yangu, mkulima wa kahawa na migomba huku juu mlimani, ambaye uigizaji wake wote alikuwa ameufanyia kanisani, wakati wa Krismasi.

Jumatano tukaanza na kijana aliyeigiza mkwe akiingia sebuleni. Akaamkia. Shangazi akaitikia "Marahaba mwanangu, karibu" kwa utamu hadi mpiga picha akatabasamu. Nikasimamisha: pazia lilikuwa limekaa upande. Tukarudia. Marahaba ya pili ilitoka kavu. Nikarudia tena kwa sababu ya kola ya shati, halafu kivuli, halafu kitu ambacho hata leo sikijui, labda wasiwasi wangu tu.

Mkwe akaingia tena. "Shikamoo mama."

Shangazi akamtazama, kisha akanigeukia mimi. "Huyu si ameshaniamkia? Kwani nimelala tena?"

Nikamweleza kwamba ni maigizo. Akasema anajua ni maigizo, ndiyo maana anashangaa: mkwe anayeamkia hivyo ama ana ugonjwa, ama anataka ng'ombe, na yeye ng'ombe hana wa kugawa. Mpiga picha akacheka mpaka kamera ikatikisika. Shangazi akajifunga kitenge, akachukua mkoba.

Nikamfuata hadi getini nikimbembeleza. Bila salamu ile hatukuwa na kipindi. Hadithi yote ilianzia pale.

"Kesho nitakuja," akasema. "Ila ataniamkia mara moja, kama watu."

Kesho yake ilikuwa Alhamisi, na nilikuwa na ile mara moja tu. Mkwe nikamficha jikoni kwa jirani ili shangazi asimwone kabla, akalalamika kwamba hata chai amenyweshwa kwa kujificha. Kamera ilipowaka nikamwita. Aliingia na hofu ya kweli, akajikwaa kwenye zulia, akaamkia akiwa nusu ameinama.

"Marahaba," shangazi akaitikia. "Leo umeamka na akili zako?"

Hayo hayakuwa kwenye maandishi. Mpiga picha akacheka kwa sauti, na kicheko kikaingia kwenye rekodi. Mdomo wangu ulishafunguka kusema turudie. Nikaufunga.

Ijumaa tukapeleka kipindi hivyo hivyo, zulia na kicheko, na kituo kikakipokea.

Siku hizi salamu za wakubwa nazirekodi mara moja, asubuhi, kabla waigizaji hawajaonana. Inavyotoka ndivyo inavyokwenda hewani. Wasiwasi bado ninao, ila waigizaji siwarudishi mlangoni kwa ajili yake.