Wachuka Ndani ya Sanduku la Mtarakwa

Mama yangu Murugi alizaa mabinti wawili akampenda mmoja. Nasema waziwazi kwa sababu yeye mwenyewe hakuficha. Kwetu Nyeri binti wa kwanza hupewa jina la mama ya baba, wa pili jina la mama ya mama. Mimi ni wa kwanza, kwa hivyo ni Waithira, jina la mama mkwe wake, mwanamke aliyemkalia kichwani tangu siku aliyoolewa. Mdogo wangu akaitwa Wachuka, jina la nyanya aliyemzaa mama. Basi mdogo akibebwa aliitwa "mama yangu," na mimi nikimwaga maji niliambiwa, haya, mama mkwe ameanza. Nilikuwa na miaka mitano. Watu walicheka wakidhani ni utani.

Baba yetu, Theuri, alikuwa seremala. Kabla ya kuingia msituni kupigana na Wazungu mwaka wa hamsini na tatu alituachia sanduku la mbao za mtarakwa, refu kiasi cha kulaza kondoo. Tulipohamishiwa kwa nguvu kijiji kilichozungushiwa seng'enge karibu na Ruring'u, mama akaficha humo kibuyu cha maziwa ili homugadi, walinzi weusi wa serikali, wasiyanywe. Siku hiyohiyo akachukuliwa kuchimba handaki, akakaa siku tisa. Aliporudi, maziwa yalikuwa bado na joto la ng'ombe. Akajaribu kaa la moto, na siku ya tatu akalitoa likiwa jekundu vilevile. Baba alizifanya nini mbao zile sijui mpaka leo. Kitu kikifungiwa humo, saa yake ilisimama.

Mwaka wa hamsini na tano Wachuka, akiwa na miaka mitatu, akashikwa na kichomi. Alikuwa akipumua kama mtu anayepanda mlima na gunia. Mama akaenda langoni kuomba ruhusa ya kumpeleka hospitali, homugadi akamwambia arudi Jumatatu. Siku hiyo ilikuwa Ijumaa. Mama akamwangalia mtoto, akajua hafiki Jumatatu. Akamfunga shuka, akamlaza sandukuni, akafunika.

"Mama yangu atangoja hapa," akaniambia. "Wewe usiguse."

Jumatatu ruhusa ikanyimwa, na Jumatatu iliyofuata. Sawa, hayo nayaelewa. Lakini hali ya hatari ikaisha na mama hakufungua. Uhuru ukaja, hospitali zikawa wazi kwa kila mtu, na mama akasema tungoje baba atoke msituni ampate mtoto wake akiwa bado mdogo. Wenzake walitoka. Baba hakutoka. Basi mama akasema Wachuka hawezi kuamkia nyumba ya udongo. Tulikuwa tumepata kipande cha shamba upande wa Mweiga. Nikaacha shule darasa la nne, nikapalilia viazi vya watu mpaka tukaezeka mabati. Mabati yakiwa juu, akataka sakafu ya simiti. Alikuwa anaogopa tu. Ndani ya sanduku mtoto hakuwa mzima lakini hakuwa amekufa, na mama aliona afadhali hivyo.

Na mimi je? Mimi nilikuwa nje ya sanduku, saa zangu zilikimbia. Mwaka wa sabini Nderitu, dereva wa trekta, mtu mpole, akaja kuniposa. Mama akamuuliza, mimi nikiondoka, sanduku litalindwa na nani yeye mama akienda shambani. Nderitu alivumilia miaka miwili, kisha akaoa kwingine, huko Nanyuki. Siku niliyosikia hayo niliosha vyombo vyote vya nyumba, hata visafi, na sikumsemesha mama mpaka viazi vikavunwa.

Mwaka wa sabini na tano nikashika shoka. Nikamwambia leo tunalipeleka hospitali, ama nalipasua hapahapa. Mama alikuwa na miaka arobaini na minane, meno ya mbele hana, mgongo umepinda kwa kuni na maji. Aliniangalia sana, akaenda kutafuta mkokoteni.

Tulilifungua mlangoni mwa wodi. Shuka ilikuwa na jasho bichi na mtoto alikuwa akikoroma vilevile. Muuguzi akauliza ameanza kuugua lini, mama akajibu, juzi. Haukuwa uongo. Wakamdunga sindano, na wakasema atadungwa hivyo siku nne. Miaka ishirini yote, na dawa yenyewe ilikuwa sindano za siku nne! Nilisikia uchungu hadi nikataka kucheka.

Asubuhi ya tatu homa ikashuka, Wachuka akaketi. Mama alikuwa amefunga kitambaa cha kichwa kilekile cha hamsini na tano, alichokitunza kwa ajili ya siku hiyo. Akakaa kitandani, akanyoosha mikono.

"Mama yangu, nimekuja."

Kwa Wachuka mama alikuwa amemlaza jana. Akamwona bibi asiye na meno, akapiga mayowe, akajibana ukutani. Kisha akaniona mimi nikiingia na bakuli la uji. Nilikuwa na miaka ishirini na minane, umri wa mama siku alipomfungia, na sura yetu ni moja, kila mtu husema. Akaniita mama. Akanirukia, akaficha uso shingoni mwangu.

Nilifurahi. Mungu anisamehe akitaka. Kwa mara ya kwanza mtu wa nyumba ile alikuwa amenichagua mimi.

Mama akasema polepole, "Waithira, mwambie mimi ni nani." Maisha yake yote alikuwa ananiamuru tu. Siku hiyo aliniomba.

Nikamwambia mtoto, "Usiogope. Huyo ni nyanya yako."

Mama hakubisha. Alichukua bakuli, akaupuliza uji upoe. Akaishi miaka minane zaidi akiitwa nyanya, na mara kwa mara nilimkuta nyuma ya nyumba akisema "mama yangu" peke yake. Sanduku nililipasua kuni. Ukweli ningeweza kuusema siku yoyote, lakini kila mwaka nilijiambia, acha kwanza amalize darasa hili. Mama akafa mwaka jana kabla sijasema.

Wachuka sasa yuko darasa la sita, na kichwa chake ni chepesi. Juzi tulikuwa tunamenya viazi, akaniambia mwalimu amewaeleza vile majina hupeanwa.

"Wewe hukuolewa," akasema. "Mtu akizaa bila kuolewa, msichana wa kwanza huchukua jina la mama yake. Nyanya alikuwa Murugi. Mbona mimi ni Wachuka?"

Nikamtuma maji. Akaenda mtoni, akarudi, akatua ndoo mbele yangu, akauliza tena.