Jeshi Lililozidi

Kaka yangu alitaka kuviona vita vya mwisho kwa macho yake mwenyewe. Naanza na hilo kwa sababu nikianza na mchezo nitaeleza kanuni, na nikishaanza kueleza kanuni huwa sifiki.

Ni mchezo wa kompyuta. Kuna ramani ya dunia nzima iliyokatwa vipandevipande vya majimbo, kila dola na rangi yake. Unachukua dola moja na kuilea kwa karne kadhaa za mchezo: kodi, mashamba, ndoa za wafalme, vita. Hakuna mtu anayekimbia wala kupiga risasi mbele yako. Kuna rangi zinazosogea, tarakimu zinazopanda na kushuka, na maandishi mengi ya Kiingereza niliyojifunza kuyasoma peke yangu, kamusi ikiwa kwenye simu. Kompyuta aliileta kaka. Mteja fulani alimpa badala ya malipo ya geti, ikiwa kuukuu, herufi za kibodi zimefutika. Kaka alikuwa mchomeleaji. Kwetu Likasi, mji wa migodi, aliyekutangulia kuzaliwa unamwita yaya, nami sijawahi kumwita kwa neno jingine.

Tuligawana kazi tangu mwanzo. Yaya alishika kipanya, mimi nilishika hesabu. Yeye aliamua twende wapi, mimi nilisema kama tutafika. Tulichukua ufalme wa Waluba, kwa kuwa babu yetu alitoka Kasai kuja kufanya kazi migodini, na hadi leo nyumbani tunasema Kiluba tukitaka wageni wasituelewe. Tulikuwa kipande kidogo cha rangi ya udongo katikati ya bara. Tulicheza Jumamosi mchana baada ya kufua, na siku nyingine mtaa wetu ulipopata zamu ya umeme. Polepole udongo wetu ukagusa bahari zote mbili. Upande wa kaskazini ikabaki dola moja kubwa ya kijani, na yaya akasema hiyo ndiyo tutakayomaliza nayo.

Hapo ndipo ilipokuja kazi yangu. Mwishoni mwa mchezo, jeshi si kitu cha kurundika tu. Dola ina kikomo cha askari inaowamudu, na ukikivuka kila askari anakula zaidi. Kila jimbo linalisha watu wake kadiri ya uwezo wake, na ukilijaza askari wanakufa njaa bila kumwona adui. Hata uwanja wa vita una upana wake: wanaoenea mstari wa mbele wanapigana, waliobaki wanasimama nyuma wakingoja mwenzao aanguke. Kisha kuna hifadhi ya watu, yaani wanaume ambao bado hawajawa askari, nayo hujaa kidogokidogo kila mwezi. Mpangaji mzuri anajiuliza wangapi mbele, mizinga mingapi nyuma yao, wangapi wa kuziba nafasi za watakaokufa. Niliipenda hesabu hiyo kuliko nilivyopenda kushinda.

Nyumbani kwetu mfuko wa bunga, unga wa mahindi wa bukari, ugali wetu wa kila siku, haufunguliwi mpaka mwingine usimame nyuma yake. Mama alijifunza hivyo katika miaka ambayo wafanyakazi wa migodi walikaa muda mrefu bila mshahara, na sisi tulikua ndani ya kanuni hiyo kama watu wengine wanavyokua ndani ya dini. Kwa hiyo sikuweza kuhesabu askari bila kuhesabu watakaowarithi, kisha watakaowarithi hao. Sikuona kosa lolote. Niliona ni malezi mema.

Yaya aliposema tuanze, nilimwambia bado, hifadhi haijajaa. Ilipojaa nilimwambia bado, mizinga michache. Alicheka.

"Jenerali Bado," alisema. "Weye ungekuwa mukubwa ya basoda, adui angekufa na uzee."

Basoda ndivyo alivyowaita askari. Mimi pia nilicheka, nikarudi kwenye majedwali yangu.

Mwaka huo alianza kumimina chai pembeni ya kikombe. Aligonga bega kwenye fremu za milango aliyoichomelea mwenyewe. Siku moja, njiani kwenda karakana, nusura amgonge kwa baiskeli mwanamke aliyebeba beseni la nyanya, na alipoomba radhi yule mwanamke alimwuliza kama amelewa, maana yeye alikuwa amesimama mbele yake mchana mweupe. Majirani walisema ni moto wa kuchomelea. Daktari wa Lubumbashi alisema hapana, ni presha ndani ya macho. Inakula kuona kuanzia pembeni kuelekea katikati, na ilichokwisha kula haikirudishi. Matone yangepunguza kasi, basi. Yaya alituhadithia haya mezani kama mtu anayesimulia safari, akaeleza foleni ilivyokuwa ndefu na jinsi vipofu wawili walivyogombania kiti. Mama hakucheka.

Baadaye alinifuata uani nilikokuwa naanika nguo.

"Mudogo, tuanze ile vita. Minye niko naona kama mu tiyo," alisema, akakunja vidole mbele ya jicho, kama bomba. "Nataka niyione yote, mbele haiyafunga." Mbele, kwa Kiswahili chetu, ni kabla: kabla macho hayajafunga.

Nilimwambia ndiyo, na nilimaanisha. Jumamosi iliyofuata nilikaa kwenye kompyuta nikiwa nimeamua. Kisha nikafungua jedwali la dola ya kijani nikaona imepata mshirika mpya, na kichwa changu kikaanza. Je, mshirika akileta mizinga? Je, tukishindwa kwenye milima, nani ataziba? Nilimwomba yaya anipe muda hadi teknolojia ifuatayo, akanipa. Lakini kadiri sisi tulivyokua, kijani nao walikua, na kila nilipomaliza hesabu ilikuwa imeshazeeka. Nilijenga kambi za akiba, na akiba ya akiba. Niliyajua macho yake yanakwenda wapi. Wala si kwamba nilisahau. Ndani yangu kulikuwa na wazo la kitoto, ambalo sikuwahi kumwambia mtu, kwamba maadamu vita havijaanza kuna kitu anachosubiri kukiona, na macho ya mtu anayesubiri hayawezi kufunga. Nilimweka kwenye akiba yeye pia.

Naye alikuwa mvumilivu. Aliinama mpaka pua ikakaribia kioo, akawa anazungusha kichwa akitafuta jimbo kama mtu anayetafuta sindano kwenye mkeka. Mwanzo aliona nusu ya bara, baadaye pwani moja, baadaye jimbo moja na jina lake. Aliniuliza mshale wa kipanya uko wapi. Nilimwambia kulia, juu kidogo, hapana, umepita. Kisha Jumamosi moja alikisogeza kipanya mbele yangu, akasema mkono umechoka. Sijui niseme vipi jambo linalofuata ila kama lilivyokuwa: nilifarijika. Mkono wake ulikuwa umeanza kukosea, na makosa yake yalikuwa yananiharibia mpango.

Tulianza vita kiangazi cha mwaka huu. Yaya alikaa kando yangu, uso umeelekea dirishani, kwa sababu mwanga aliweza bado kuutambua. Nilitangaza vita nikamwambia nimetangaza.

"Unielezee," alisema.

Nikamweleza. Nikamsomea idadi ya vikosi, hali ya askari, mizinga, asilimia ya ngome iliyobaki. Nilisoma haraka na kwa usahihi, na nikajisikia nafanya vizuri.

"Acha kuhesabia. Rangi iko inafanya nini?"

Nikatazama ramani. Nilikuwa nimeishi na ramani hiyo muda wote ule, na sikuwa na neno hata moja la kuielezea, kwa sababu nilikuwa nikisoma majedwali yaliyokaa juu yake. Nikasema udongo unapanda kaskazini. Akauliza unapanda vipi. Nikasema kama maji kwenye sakafu mama akiosha nyumba, yanaingia kwenye kila ufa. Alitabasamu, akasema endelea. Lakini kabla sijapata neno jingine ngome ikaanguka, na ya pili yake, na kijani kikaanza kukatika vipande. Mshirika niliyemwogopa hakuleta hata kikosi kimoja. Baada ya mapigano mawili makubwa walikuwa wanaomba amani.

Sehemu kubwa ya jeshi langu haikupigana kabisa. Ilikuwa imerundikana mpakani, kwenye majimbo yasiyoweza kuilisha, na nilipofungua orodha ya waliokufa niliona njaa imeua wengi kuliko adui.

Yaya aligeuza uso kutoka dirishani.

"Imeisha?"

"Imeisha, Yaya. Tumeshinda."

"Mbio hivi?"

Aliweka mikono magotini. Kisha akauliza, taratibu, kama mtu anayeuliza njia:

"Ile basoda ya mwaka ulipita. Ingeenea?"

Kwetu kuenea ni kutosha. Jibu lilikuwa mbele yangu kwenye kioo. Walioingia vitani walikuwa wachache kuliko wale tuliokuwa nao siku aliyorudi kutoka Lubumbashi. Ningeweza kumwambia hapana. Asingeweza kusoma.

"Ingeenea, Yaya."

"Na ya mbele ya ile?"

"Na ile pia."

Akatikisa kichwa polepole. Hakunikaripia, na mpaka leo hajanikaripia, jambo ambalo nalibeba vibaya kuliko ningebeba makaripio.

"Kumbe ilikuwa mulango ya bati," alisema. "Balipakaa rangi ya chuma, siye tukaogopa."

Nilitaka kumwambia kitu. Lakini mchezo ulikuwa umefungua dirisha la masharti ya amani. Unachagua majimbo unayoyataka, na kila jimbo lina uzito wake. Ukidai kupita kiasi, walioshindwa wanakataa na vita vinaendelea. Nilimwomba yaya anisubiri kidogo tu nipange vizuri. Nikaanza na pwani, nikaitoa, nikaweka migodi, nikalinganisha, nikairudisha pwani. Ilinibidi niwe na hakika. Nilipoona nimepata mpangilio usio na dosari, majimbo yote tuliyowahi kuyazungumzia na hata moja la ziada, nikageuka kumwambia.

Kiti kilikuwa wazi. Alikuwa ameshatoka, na nilimsikia uani akimwuliza mama nani amesogeza ndoo.