Kombe la Marashi Matupu

Asubuhi ile mke wangu alikuwa apelekwe kupasuliwa. Mwalimu wa Ndia Kuu alikuwa amemwandikia kombe, aya kwa zafarani ndani ya sahani nyeupe, tuzioshe kwa marashi anywe. Sahani yenyewe ya harusi yetu, lakini hayo tuyaache. Mkaza mwanangu, mtu wa bara, akaiona ina manjano, akaisugua kwa sabuni. Hakujua, masikini. Mwalimu keshaondoka, teksi inangoja. Nikatia marashi matupu kikombeni, nikampa mgonjwa.

"Mbona halina ladha ya zafarani?"

"Zafarani ya siku hizi, mke wangu, ni jina tu."

Akanywa, akatulia. Mimi nilikaa nje ya chumba cha kupasulia, nikijisomea vile vipande vya aya nilivyovipata utotoni chuo cha Kurani kabla sijatoroka.