Mafundo Mawili ya Leso

Koti la ngozi bandia likinyeshewa mvua hutoa harufu ya tairi na jasho la jana. Nikikutana nayo hata kwenye foleni ya benki, mimi hupumua kwa mdomo mpaka mwenye koti aondoke. Ngoja niwaambie sababu, na msinicheke.

Nilikuwa darasa la pili. Tulikaa mtaa wa Kware, orofa ya tano, kwenye ploti ya vyumba vya kupanga ambayo jua liliifikia kwa kupita tu. Mama alifanya kazi kiwandani na alitoka asubuhi na mapema, kwa hiyo mimi na Brayo, mtoto wa jirani, tulipelekwa shule na Odhis. Huyu alikuwa mwendeshaji wa pikipiki ya boda katika steji ya hapo chini, walikosubiri abiria, mtu wa magharibi mwa nchi, mrefu na mpole, aliyeimba nyimbo za kanisa akikwepa matope. Alitubeba mshikaki: yeye mbele, mimi katikati, Brayo nyuma. Helmeti ilikuwa moja, nayo ilining'inia kwenye kioo. Odhis aliivaa akiona askari. Hakuna mzazi aliyewahi kuuliza za watoto ziko wapi.

Sasa, mimi nilikuwa bingwa wa kusinzia. Siku moja Brayo alinidaka kwa ukosi wa sweta nikiwa karibu kudondoka barabarani. Mama alipoambiwa hakupata usingizi. Kulipokucha, kabla ya kwenda kazini, alishuka na leso yake, ile khanga ya kujifunga kiunoni, akanizungushia mgongoni, akaipitisha mbele kwenye tumbo la Odhis, akafunga mafundo mawili na kuyakaza kwa meno.

"Sasa hata ulale fofofo, huanguki," akasema.

"Mama Mwende, leo nami nimebeba mtoto mgongoni kama nyinyi!" Odhis akacheka, na steji nzima ikacheka naye. Wiki hiyo hiyo kina mama wengine wakaanza kuwafunga watoto wao.

Nilichukia kufungwa kule. Shavu langu lilibanwa kwenye lile koti la Odhis la ngozi bandia, begi la Brayo lilinisukuma kwa nyuma, na safari nzima sikuona chochote ila mshono mmoja wa uzi mweupe. Nilimlalamikia Mama kwamba siwezi kupumua. "Si unaongea? Basi unapumua," akanijibu, na mafundo yakabaki mawili.

Siku ya ajali mvua ilikuwa imenyesha. Mkokoteni wa mitungi ya maji ulichomoka kichochoroni, Odhis akashika breki, gurudumu la nyuma likateleza na tukaanguka upande wa kulia, upande wa ekzosi, lile bomba la moshi linalochoma kama pasi. Brayo alitupwa matopeni, akasimama akililia kiatu chake. Mimi nilikwenda alikokwenda Odhis. Pikipiki ilitulalia miguu, naye alikuwa mbele yangu, mzito, hasogei. Nilivuta mguu ukakataa. Nilijipinda, na leso iliyolowa ikazidi kukaza. Kisha nikasikia harufu ya petroli.

"Nduthi inavuja! Nani ako na kisu?" mtu akapiga kelele.

Nilimpiga Odhis mgongoni kwa ngumi. "Amka! Amka, mjinga wewe!"

"Tulia, Mwende," akasema kwa sauti nyembamba ambayo sikuijua. "Usisonge. Kaa hivyo hivyo."

Nilimchukia kwa moyo wangu wote. Niliona kabisa kwamba mtu huyu ameamua tufe pamoja. Aliyetuokoa ni Mama Kioko, muuza mandazi, aliyekuja na kisu cha vitunguu akaikata leso. Nilichopolewa, nikakimbia bila kugeuka nyuma.

Jioni nilimweleza Mama kile nilichokijua: "Odhis alikataa kuamka. Nilimwambia aamke, akakataa." Mama aliniamini. Alishuka stejini akamfokea mbele ya wenzake, nami nimeshika sketi yake. Odhis alisimama amefunga mkono wa kulia kwa kitambaa, akasema, "Pole, Mama Mwende," basi. Wazazi wakaondoa watoto wao mmoja baada ya mwingine. Haukupita muda akauza pikipiki, akarudi kwao.

Nikiwa kidato cha tatu nilikwenda kununua mandazi, na Mama Kioko akaomba kuuona mguu wangu. Aliugeuza huku na huku kama anayekagua nyama.

"Hata alama haikubaki," akasema.

"Alama ya nini?"

Alinitazama kwa mshangao. "Kwani hukujua? Mkono wa Odhis ulikuwa hapo katikati, kati ya mguu wako na ile ekzosi. Angeamka, angeutoa huo mkono, na hiyo leso ingekuvuta hadi kwenye chuma, uungue wewe. Aliutoa nilipomaliza kukata. Ngozi ilibaki kwa chuma."

Miaka yote hiyo sikuwahi kujiuliza kwa nini sikuungua. Mama alinifunga ili nisianguke, na hakuna hata mmoja wetu aliyefikiria kwamba Odhis naye anaweza kuanguka. Nilipompelekea Mama habari hizo, aliushika mguu wangu kwa mikono miwili, akalia. Kisha akaniuliza kama kuna mtu ana namba ya Odhis.

Nilishuka ngazi mbio mpaka stejini. Vijana waliokuwapo walikuwa wapya, hakuna aliyemjua. Nilizunguka nikiuliza hadi jioni, maana nilitaka kumwambia kwamba sasa najua kwa nini hakuamka.