Jiwe Linalokimbia Miti

Mimi ndiye niliyemuua mume wa dada yangu. Sikumpiga, wala sikumtilia kitu katika chakula. Nilimuua kwa mdomo wangu huu! Nakuambia wewe usiyenijua, kwa sababu wanaonijua hawataki kunisikiliza.

Mimi ni mwalimu wa shule ya msingi huku Kibabi, Masisi. Kuna kipindi shule yetu ilifungwa kwa ajili ya vita, watoto wakawa wanashinda nyumbani bila kazi. Nikaona niwatungie hadithi. Nilikuwa nairekodi kwa simu, kipande kwa kipande, na kuituma kwenye WhatsApp ya wazazi.

Ilikuwa hadithi ya nchi isiyokuwako, na ndani ya nchi hiyo kulikuwa na jiwe la ajabu liitwalo lumanite. Jina nililibuni mwenyewe, nikalifananisha na yale majina ambayo wanunuzi wa madini hutamka kwa Kifaransa. Nilisema jiwe hilo lina joto kama yai lililotagwa sasa hivi. Nilisema linakaa pale udongo mwekundu unapokutana na mweusi. Na nilisema, ole wangu, kwamba lumanite linachukia miti. Ukiingiza hata fimbo ndani ya shimo, linakimbia na kuzama chini zaidi!

Wewe uliye mbali utacheka. Lakini wachimbaji wa kwetu wanaamini tangu zamani kwamba madini yana masikio. Kuna mashimo huruhusiwi kuingia ukiwa umeoga kwa sabuni. Kuna mengine mkigombana ndani yake, wanasema madini yamehama. Basi jiwe linalokimbia miti halikumshangaza mtu. Na ujue, miti ndiyo inayoshika udongo usimwangukie mchimbaji.

Sauti yangu ikasambaa. Kipande cha kwanza, ambamo niliwaambia watoto kwamba hii ni hadithi, kikabaki nyuma. Kile cha lumanite kikafika hadi Walikale.

Siku moja Hangi akaniita kwake. Huyu ndiye aliyemwoa dada yangu Furaha, na alikuwa mchimbaji wa koltani. Kila nilipokwenda kula kwake alinitania, eti mwalimu, serikali imekulipa chaki ngapi mwezi huu? Siku hiyo alinipa kiti chake mwenyewe.

“Shemeki, ile sauti ni ya kwako?”

“Ni ya kwangu.”

“Na ile jiwe, uliisoma wapi?”

Hapo! Hapo ndipo ningecheka na kumwambia ni mambo ya watoto. Badala yake nikakunja miguu kama mtu mzito.

“Mu bitabu ya iniversite,” nikasema.

“Furaha!” akapaza sauti. “Letea Ingénieur chai!”

Ingénieur! Mhandisi, mimi, niliyezoea kuchekwa kwa sababu ya soli za viatu vyangu! Wanasema mgema akisifiwa tembo hulitia maji. Mimi nilitia sumu, na nikaendelea kumimina. Watu walianza kuniletea mawe yaliyofungwa kwenye vitambaa. Nilikuwa nalishika jiwe kiganjani, nafumba macho, kisha nasema, “Bado. Iko chini zaidi.” Aibu gani hii!

Mtu mmoja tu aliniuliza sawasawa. Ni Papa Muhindo, mzee wa Butembo anayeuza miti ya kushikilia mashimo. Alinikuta kwenye kilabu cha kasiksi, pombe yetu ya ndizi, mbele ya watu wengi.

“Mwalimu, ile maneno ya miti ni ya kweli? Batu batakufa.”

Nilimwona usoni kwamba ana hofu. Hakuwa anatafuta wateja. Na mimi, ili nisianguke mbele za watu, nikamjibu, “Papa, weye unauzisha miti. Unaweza sema nini ingine?”

Watu walicheka mpaka pombe ikamwagika. Papa Muhindo akachukua kofia yake akaondoka. Kicheko kile bado nakisikia hata nikiwa kanisani.

Baada ya siku tatu, asubuhi, Furaha akaja kwangu kuomba chumvi. Akaniambia kwa furaha kabisa, “Kaka, Hangi na benzake banatosha miti yote mu shimo. Anasema leo njo siku.”

Wanaitoa miti! Chumvi ikaniponyoka. Mvua ilikuwa imenyesha siku nne mfululizo!

Nilikimbia hadi kwa Papa Muhindo. Hakuniuliza kitu wala hakunitukana. Alinipa miti minne, mingi kuliko nilivyoweza kubeba, akabeba mingine mwenyewe, tukapanda mlima tukiteleza kwenye tope.

Wanaume watatu walikuwa juu ya shimo. Waliponiona, mmoja akaokota jiwe.

“Simama pale! Na miti yako!”

“Mumutoshe Hangi! Nilidanganya! Ni hadithi ya batoto!”

Wakatazamana, wakacheka. Yule mwenye jiwe akasema, “Unaona? Ingénieur amesikia tumefika karibu, sasa anataka kutufukuza abakie na shimo.”

Niliapa. Nililia. Nilipiga magoti kwenye tope na kuwaambia jina nililibuni, nchi niliibuni, joto la yai nililibuni! Kadiri nilivyosema ndivyo walivyozidi kuamini kwamba ninaficha mali. Mwongo akisema kweli, nani atamwamini?

Nikatupa miti, nikajipenyeza kati yao, nikalala kifudifudi kwenye mdomo wa shimo. Chini kabisa niliona taa ya Hangi.

“Shemeki! Hakuna jiwe! Toka!”

Taa ikatulia. Akauliza kwa sauti ya kawaida, wala hakuwa na hasira, “Unaapa juu ya Furaha?”

“Naapa juu ya Furaha!”

“Basi nakuya. Ngoja nichukue chepeo.”

Chepeo, beleshi tu la kuchimbia! Kwa nini sikumwambia aiache? Kwa nini, Mungu wangu? Niliona taa ikigeuka. Udongo ulishuka kwa kishindo kama magunia ya viazi yanayomwagwa kutoka kwenye lori, na taa sikuiona tena.

Tulichimba kwa majembe na sahani, wengine kwa kucha. Tulimfikia jioni. Tulimteremsha nyumbani kwa ile miti niliyoileta, tukiwa tumefunga shuka juu yake.

Unajua watu walisema nini kwenye matanga? Kwamba jiwe lilikuwapo, tena karibu sana, lakini mwalimu alileta miti likakimbia na kuvuta udongo!

Baada ya siku arobaini nilimkalisha dada yangu nikamweleza yote, tangu sauti ya kwanza. Nilitegemea anitukane, anifukuze, anipige hata na mwiko. Alinisikiliza mpaka mwisho akiwa amembeba mtoto mgongoni.

“Kaka, usirudilie tena kusema ivyo,” akaniambia. “Kama jiwe haiko, bwana yangu alikufia nini? Uniachie ata ile jiwe.”

Ananipikia bado, nami naenda kula.

Sasa nimesikia kwamba kule Ntoto kuna mashimo yanayochimbwa bila miti, na watu wanasikilizishana sauti yangu kabla ya kuingia. Ndiyo maana naandika. Ndugu yangu, kama una mtu ndani ya shimo la namna hiyo, usingoje hata kufunga mlango. Nenda ukamtoe, na mwambie chepeo aiache! Na wewe unayependa kuitwa mtaalamu wa jambo usilolijua, kubali kuchekwa mapema, kwa maana kuchekwa hakumziki mtu.

Lumanite haliko Masisi, haliko Walikale, haliko popote. Nililitunga mimi, nimekaa jikoni, nikingoja maharagwe yaive.